Kipa bonge aliyemkimbiza refa uchi: kweli au chai?

Swali lenyewe nimelifupisha kidogo: "Shikamoo kocha. Juzi kibanda umiza tumebishana mpaka mechi ikaanza hatuna habari. Jamaa yangu anasema kapteni wa kwanza kabisa wa Chelsea alikuwa kipa wa kilo 150, eti alishavunja mtambaa panya, alishamkimbiza refa akiwa uchi wa mnyama, na eti watoto wa kuokota mipira walianza kwa sababu yake. Mi nikamwambia hizo chai, na hata kama alikuwepo basi alikuwa kichekesho tu, mtu wa kilo hizo hawezi kudaka. Tumewekeana kreti la soda. Tusaidie."

Marahaba mdogo wangu. Anza kutafuta hela ya soda, angalau nusu kreti, mana huyo mtu alikuwepo na alikuwa kipa haswa. Ila na jamaa yako nae asichekelee sana, kuna vitu hapo vimetiwa chumvi mpaka mchuzi haulambiki.

Anaitwa William Henry Foulke. Magazeti mengine ya enzi zile yaliandika Foulk, mengine Foulkes, usihangaike, ni mtu huyo huyo. Kazaliwa 12 Aprili 1874 Dawley, mkoa wa Shropshire, ila kakulia Blackwell kule Derbyshire, kijiji cha machimbo ya makaa ya mawe, na mgodini ndo alikoanzia kazi kabla ya mpira. Alikuwa anaidakia timu ya pale kijijini, Sheffield United wakamuona wakamchukua, na mechi yake ya kwanza ni 1 Septemba 1894 dhidi ya West Bromwich Albion, kijana wa miaka 20.

Sasa shika hapo, mana ndo watu wengi wanapotelea. Huyu kijana anaingia Sheffield hakuwa bonge. Alikuwa mrefu, zaidi ya futi 6, ana mifupa mikubwa, mtu wa mgodini aliyekazika, basi. Mashabiki wa Sheffield walikuwa wanamwita Little Willie, yaani Willie kadogo, ule utani wetu wa kulikuta jitu la miraba minne unaliita "dogo". Hilo la Fatty, yaani bonge, ndo limekuja kubaki mpaka leo. Kwa hiyo ukimsikia mtu anakwambia ule wimbo wa mashabiki wa Kiingereza wa kuuliza nani kala pai zote uliimbwa kwanza kwa Foulke mwaka 1894, mwambie hiyo chai ya rangi, 1894 jamaa alikuwa hajanenepa bado, wangemuimbia nini?

Uzito ulikuja taratibu. Waingereza wanapima mwili kwa stone, stone moja ni kama kilo 6.35, na Foulke kuelekea mwaka 1900 alikuwa anakaribia stone 20, piga hesabu hapo kilo 120 na kitu. Anafika Chelsea 1905 wanamuandika stone 22, hiyo ni kilo 140. Hizo 150 za jamaa yako ni za mwisho mwisho kabisa. Yaani ule mwili mnaouonaga kwenye picha na kuucheka, jamaa alikuwa nao akiwa ameshachukua kila kitu cha kuchukua.

Kachukua nini? Msimu wa 1896-97 Sheffield United wamemaliza wa pili nyuma ya Aston Villa, wameruhusu goli 29 mechi 30, na zile zilikuwa zama za mafowadi watano mbele, wanashuka wote kama nyuki. Msimu uliofuata, 1897-98, wakabeba ubingwa wa ligi daraja la kwanza, wamefungwa mara 31 mechi 30. Mpaka leo hii navyoandika Sheffield United hawajawahi kubeba ligi kuu ya Uingereza tena, ni ule ule mmoja, na golini alikuwa Foulke. 1899 wakachukua kombe la FA kwa kumpiga Derby County 4-1, na Derby walikuwa na Steve Bloomer ambaye kwa ufungaji wa enzi zile hakuna mfano. Na walienda mapumziko Derby wanaongoza 1-0!

Alafu angalia walivyofika hiyo fainali. Nusu fainali na Liverpool ilichezwa mara nne. Mara nne bana. Ya kwanza 2-2, ya pili 4-4, ya tatu pale Manchester Liverpool anaongoza 1-0 watu wakafurika uwanjani mpaka mechi ikavunjika, ya nne ndo Sheffield kashinda 1-0. Siku hizi mchezaji akicheza Jumatano na Jumamosi kocha wake analia kwenye vyombo vya habari.

Sasa tuje kwenye swali lako la msingi, mtu wa kilo hizo anadakaje. Mimi nimedaka daraja la tatu miaka saba na sasa nafundisha makipa, kwa hiyo hapa niachie nizungumze kifundi kidogo.

Wewe unamfikiria Foulke kwa sheria za leo, ndo kosa lako. Leo kipa ni yai, ukimgusa tu filimbi. Enzi za Foulke kumvaa kipa kwa bega ilikuwa ni sehemu ya mchezo, kipa akishika mpira tu anaruhusiwa kusukumwa na fowadi, na akisukumwa akaingia nao ndani ya mstari ni goli, halali kabisa, mnaanza kati. Kwa hiyo kila kona, kila krosi, kipa anajua anapouruka ule mpira kuna vijana wawili watatu wanakuja na mabega yao. Sasa wewe niambie, ungependa kumvaa nani, kijana wa kilo 65 au lile jabali? Foulke walikuwa wanamvaa wanadunda. Mwili wenyewe ulikuwa ndo silaha, mafowadi wengi nadhani walikuwa wanafika kwenye sita wanakumbuka wana watoto nyumbani.

Na penalti ndo usiseme. Penalti imeanza 1891 na mpaka 1905 kipa hakulazimishwa kubaki kwenye mstari, alikuwa anaruhusiwa kutoka mpaka yadi 6, kama mita tano na nusu hivi. Hebu jiweke kwenye njumu za mpigaji. Umeweka mpira wako, umerudi nyuma, unainua macho unaliona hilo jengo limeshatoka golini linakuja, goli lenyewe hulioni tena. Mimi kwa kweli ningeomba nitolewe. Ila tumpe haki yake, inasemekana alipokuwa Chelsea alipangua penalti kumi msimu mmoja, na msimu huo wa 1905 ndo sheria ilikuwa imeshabadilika, kipa anabaki kwenye mstari wake. Hata zikiwa ni pungufu ya kumi, hizo hazikuwa za ubonge, hizo zilikuwa za kusoma mguu.

Kitu kingine, mpaka 1912 kipa aliruhusiwa kushika mpira kwa mkono popote kwenye nusu yake ya uwanja, sio kwenye boksi tu. Kwa hiyo kipa mwenye ngumi nzito na mguu mzito alikuwa ni kama beki wa ziada na winga wa ziada. Foulke alisifika kwa kupiga ngumi mpira ukaenda karibu na katikati ya uwanja, na mpira wenyewe ni ule wa ngozi wenye kamba, ukinyeshewa unakuwa kama tofali, glavu za kisasa hakuna. Na usidhani alikuwa mzito wa kutembea, waliomuona wanasifia wepesi wake kwa mwili ule. Mwaka 1900 kachezea timu ya kriketi ya Derbyshire mechi nne za daraja la juu kabisa, kule hawakuiti kwa kukuonea huruma.

Sasa mbona England kaitwa mara moja tu? Ni kweli, mechi moja, 29 Machi 1897, England 4 Wales 0, tena pale pale Bramall Lane, nyumbani kwake. Watu wanasema ni mwili. Mi naona jibu ni jepesi zaidi, kulikuwa na mtu anaitwa Jack Robinson ambaye ndo alikuwa kipa wa England miaka ile, na kipa ni mmoja, ukikuta mwenzio kashika namba utakaa benchi hata uwe malaika. Robinson huyo tutakutana nae sasa hivi.

1901 Sheffield wamerudi fainali ya FA, wanakutana na Tottenham ambao walikuwa hawako hata kwenye ligi yenyewe, walikuwa wanacheza ligi ya kusini. Crystal Palace pale London, watu 110,820. Ikaisha 2-2, na goli la pili la Sheffield lilikuwa ni la utata wa kufa mtu. Kipa wa Spurs, Clawley, mpira ulimtoka, kibendera akaonyesha kona, refa akasema goli. Mechi ilikuwa imepigwa filamu, na filamu ikaonyesha mpira haukuvuka mstari. Yaani vile mnavyolalamika leo na VAR, 1901 tayari watu walikuwa na ushahidi wa picha mkononi. Marudiano Bolton, watu elfu ishirini tu, kampuni ya reli ilikataa kutoa tiketi za bei rahisi, Spurs wakashinda 3-1. Hapa Foulke hana cha kujitetea.

Na mwaka uliofuata ndo kesi yako ya uchi. 19 Aprili 1902, Crystal Palace tena, Sheffield United na Southampton. Golini kwa Southampton yuko yule yule Jack Robinson. Alf Common kaifungia Sheffield, wanaongoza 1-0, dakika zimebaki kama mbili hivi, Harry Wood wa Southampton anasawazisha. Sheffield nzima wanapiga kelele kaotea huyo, kaotea! Refa Tom Kirkham akaenda kuongea na kibendera wake, akarudi, goli. 1-1, marudiano.

Foulke kaingia chumba cha kubadilishia nguo anachemka kama uji. Kavua, kaingia kuoga, na huko bafuni nadhani ndo hasira ikazidi kupanda, mana wote tunajua maji ya kuoga yanavyokumbusha mambo. Jamaa akatoka hivyo hivyo alivyozaliwa, kilo zote hizo zinachuruzika maji, koridoni, anamtafuta Kirkham. Na Kirkham akajifungia kwenye kabati la mafagio. Sasa hii sio stori ya vijiweni, kuna refa mwenzake Kirkham, J. T. Howcroft, aliisimulia kama kitu alichokishuhudia, na alisema mpaka katibu wa FA mwenyewe, Frederick Wall, alikuwa pale koridoni anambembeleza Foulke arudi kwa wenzake. Vuta picha, katibu mkuu wa chama cha mpira, suti yake na kofia yake, anambembeleza kibonge aliye uchi asivunje mlango wa kabati. Hapo jamaa yako kashinda, mlipe soda zake. Kuna matoleo mengine yameongezwa manjonjo, sijui alikuwa ameshang'oa bawaba za mlango, hayo kila msimuliaji anaweka yake.

Kinachonifurahisha zaidi mimi ni kilichofuata, ambacho hakisimuliwi. Wiki moja baadae, 26 Aprili, uwanja ule ule na refa yule yule Kirkham. Leo hii si ungefungiwa mwaka mzima? Hedley wa Sheffield kafunga mapema tu dakika ya pili, Southampton wakasawazisha kupitia Brawn dakika ya 70, kisha Billy Barnes, ambaye wala asingecheza kama mwenzake Bennett asingeumia, kaipigia Sheffield la pili. Na dakika zilizobaki Southampton wanakuja kama mafuriko, Foulke anapangua. Kombe lake la pili la FA. Medali ya ubingwa wa ligi moja, medali mbili za FA, fainali tatu, karibu mechi 300 za ligi kwa klabu moja. Kichekesho gani hicho?

Ya George Allan umeisikia? Fowadi wa Liverpool, 1898, eti Foulke kamkamata miguu kamgeuza kichwa chini miguu juu kamchomeka kwenye tope kama mche wa mgomba. Penalti ilitolewa kweli na Liverpool wakaifunga. Ila Foulke mwenyewe alikuja kueleza gazetini kwamba walikuwa wanaelewana vizuri tu na Allan, na ule ulikuwa mgongano, alidondoka tu vibaya. Nani mkweli sijui uchague mwenyewe, mi nikiangalia mwamuzi alivyoamua naona palikuwa na mkono kidogo.

Haya, Chelsea. Klabu imeanzishwa Machi 1905, ina uwanja mkubwa haina jina, inahitaji watu waje. Wakamnunua Foulke paundi 50, wakampa na ukapteni. Kwa hiyo ndio, kapteni wa kwanza wa Chelsea, hiyo ni kweli kabisa. Kadaka mechi 34 za ligi msimu ule, Chelsea wamemaliza wa tatu daraja la pili, timu isiyo na hata mwaka mmoja. Ila nikwambie ukweli, kwa mtazamo wangu Chelsea walikuwa wananunua bango la matangazo kama walivyokuwa wananunua kipa, na walipata vyote kwa bei ya kutupa. Hilo la watoto, kisa kinasema klabu iliwaweka vijana wawili wadogo nyuma ya goli lake ili kwa kuwalinganisha aonekane mkubwa zaidi, fowadi achanganyikiwe, na kwa kuwa wako pale wakawa wanaokota mipira. Mpira ukitoka lazima kuna mtu anaufata, kusema kazi hiyo ilizaliwa kwa Foulke mi nasita. Hapo mgawane.

Mtambaa panya, alikuwa ana tabia ya kuudandia kweli, na kisa cha kuuvunja kinasimuliwa sana. Miti ya enzi zile, kilo zile, sishangai hata kidogo. Na kile cha kuwahi mezani hotelini akala chai ya asubuhi ya timu nzima kabla wenzake hawajashuka, kila klabu aliyopitia wanasema kilitokea kwao. Ananukuliwa akisema muniite mnavyotaka, ila msichelewe kuniita msosi ukiwa tayari. Huyo alikuwa anaujua utani wake na anautumia, hakuwa mnyonge wa kuchekwa.

1906 kahamia Bradford City, mechi 22 za ligi, na Februari 1907 kuna mechi ya FA na Accrington Stanley ambayo imezaa stori nyingine. Jezi yake imefanana na ya wapinzani, inatafutwa nyingine, hakuna inayomuingia, ikabidi ikaazimwe shuka nyumba ya jirani akafungwa nalo kama mtu ametoka saluni, akadaka, Bradford 1-0. Watu wakaunganisha hapo hapo kwamba ndo mana kipa asipofungwa tunasema klinishiti, yaani shuka safi. Tamu eeh? Ila ni stori ya kuunganishwa, msemo huo kwa Waingereza unahusu karatasi isiyoandikwa kitu. Halafu makipa kuvaa rangi tofauti na wenzao ilikuja kuwa sheria 1909, yeye ameshastaafu miaka miwili nyuma.

Kastaafu 1907, miaka 33. Karudi Sheffield, akawa na baa na duka. Kuna kisa kwamba aliishia ufukweni Blackpool watu wanamlipa senti wajaribu kumfunga, akapata baridi ya mapafu ikamuua. Kimepokewa vizuri sana mana kinatia huruma, ila sio hivyo. Amefia Sheffield, 1 Mei 1916, miaka 42, na cheti cha kifo kiliandika ini. Kazikwa makaburi ya Burngreave hapo hapo mjini.

Ukitaka kumuona kwa macho yako, kuna filamu ya Mitchell na Kenyon ya mechi ya Sheffield United na Bury, Septemba 1902, miezi michache tu baada ya lile la kabatini. Haina sauti, picha zinarukaruka, lakini Foulke huhitaji kuonyeshwa ni yupi. Mpeleke jamaa yako mkaitazame wote, na hizo soda mnunue nusu kwa nusu, yeye alipie za mtambaa panya na watoto, wewe ulipie za refa na ile kauli yako ya "hawezi kudaka", hiyo ndo ya gharama zaidi.